Barua ya wazi kwa Waheshimiwa: watoto wenu nao ni vijana wa nchi hii

Waheshimiwa mawaziri, makatibu wakuu, wabunge, majaji, wakuu wa mashirika ya umma, nanyi mliostaafu lakini mkipiga simu bado zinapokelewa mlio wa kwanza,

Shikamooni kwa mnaostahili. Wengine tuko rika moja, tusalimiane tu.

Barua hii haihusu vijana wa bodaboda, wala machinga wa Kariakoo, wala wahitimu wanaojitolea kufundisha miaka nenda miaka rudi wakisubiri ajira itangazwe. Hao wana watu wa kuwasemea, na tangu ghasia za siku ya uchaguzi, Oktoba 29, 2025, ni nadra kikao chenu kufungwa bila wao kutajwa. Nawaandikia kuhusu vijana ambao hawamo kwenye makabrasha yenu kwa sababu mnakula nao chakula cha usiku. Nawaandikia kuhusu watoto wenu. Mtaani wanaitwa watoto wa kishua.

Nawafahamu kwa kuwa nimeingia nyumbani kwenu kwa mlango wa jikoni. Mimi ni mwalimu wa sekondari ya serikali, na jioni, kama walimu wengi wa Dar es Salaam, nafundisha tuisheni. Wenzangu wanafundisha hesabu na fizikia. Mimi nimefundisha Kiswahili na historia ya nchi hii katika nyumba za Masaki, Oysterbay, Mikocheni na Mbezi Beach, kwa watoto ambao shuleni kwao wanawajua wafalme wa Uingereza kwa majina na mpangilio, ila Kinjekitile wamemsikia kwangu kwa mara ya kwanza. Niliowafundisha wakiwa wadogo sasa ni watu wazima. Baadhi bado wananipigia, na wanaponipigia mara nyingi si kwa ajili ya somo. Wanataka tu mtu wa kuongea naye ambaye hamjui baba yao kwa cheo.

Kwanza niwatetee, maana mtaani wanasemwa vibaya kuliko wanavyostahili. Inasemwa ni wavivu, kazi yao kula bata tu, yaani starehe, kuanzia Alhamisi hadi Jumapili. Kula bata wanakula, sikatai. Lakini uvivu ni jambo la mtu mwenye kazi ya kufanya akaikwepa, na hawa wengi hakuna kazi waliyowahi kuikwepa. Wanaamka saa sita mchana kwa sababu hakuna mtu duniani anayewatarajia mahali popote saa mbili asubuhi.

Kijana mmoja alirudi kutoka Uingereza na shahada ya biashara. Haukupita muda akawa amesajili kampuni tatu Brela: moja ya matamasha, moja ya kusafirisha kahawa nje, na moja ya programu ya simu ambayo mpaka leo sijaelewa ingefanya nini. Kadi za biashara alinionyesha, karatasi nene, herufi za dhahabu, cheo Mkurugenzi Mtendaji. Ofisi ilikuwa chumba cha wageni nyumbani kwao. Mfanyakazi pekee wa kampuni zote tatu aliyepata mshahara kila mwezi alikuwa kijana wa kuosha magari, na huyo alikuwa analipwa na mama. Nilimuuliza kama amewahi kufika Mbinga au Karagwe kuiona hiyo kahawa ikiwa mtini. Akacheka, kisha akaniuliza kwa dhati kabisa kama huko kuna hoteli.

Mtamcheka. Mimi nilimcheka. Lakini sikilizeni kilichofuata, maana ndicho kilichonifanya niandike. Nilipomuuliza kwa nini haendi hata mara moja, alisema, "Mzee ameniambia nitulie, kuna kitu ananishughulikia." Hicho kitu kilikuwa kinashughulikiwa tangu siku aliyoshuka uwanja wa ndege. Bodi fulani ingeundwa. Mradi fulani ungeanza. Rafiki wa Mzee angehamishiwa mahali pazuri. Kila nilipopita alikuwa ametulia, na kila nilipopita alikuwa amenenepa kidogo na anaongea polepole zaidi.

Nje ya geti, ndani ya gari, alikaa dereva wake. Walipishana umri kwa mwaka mmoja tu. Dereva yule ana kidato cha sita, alikosa mkopo wa chuo, na alipita Jeshi la Kujenga Taifa, JKT, kambi ya Bulombora, Kigoma. Usiku wa Ijumaa alikuwa anakesha kwenye maegesho ya ukumbi akimsubiri bosi wake atoke. Vijana wawili wa rika moja, wote wanasubiri, na katika wote wawili ni mmoja tu anayejua saa ya kuamka kesho.

Sasa niwarudishe nyuma kidogo, maana wengi wenu mlikuwepo au wazazi wenu walikuwepo.

Oktoba 22, 1966 wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam waliandamana hadi Ikulu wamevaa majoho yao. Serikali ilikuwa imetaka wahitimu watumikie taifa miaka miwili: miezi ya mwanzo kambini, na iliyobaki kazini kwao wakipokea asilimia 40 tu ya mshahara. Wakaona wanaonewa. Bango mojawapo lilidai enzi za mkoloni zilikuwa afadhali, maneno mazito kwa nchi iliyokuwa na miaka mitano tu ya uhuru. Mwalimu Nyerere aliwasikiliza, kisha akalipuka. Aliwafukuza chuo zaidi ya mia tatu, wakarudishwa makwao, na hapohapo akatangaza kukata asilimia 20 ya mshahara wake mwenyewe. Wengi walirudishwa chuoni mwaka uliofuata. Katikati ya kufukuzwa na kurudishwa, Februari 1967, likatoka Azimio la Arusha, na ndani yake miiko ya uongozi: kiongozi asiwe na hisa kwenye kampuni, asiwe na mishahara miwili, asiwe na nyumba ya kupangisha.

Wanahistoria wanabishana kama Mwalimu alikuwa sahihi kuwafukuza. Mimi naona alivuka mpaka, kwa kuwa wanafunzi walikwenda na hoja na wangejibiwa kwa hoja. Lakini angalieni alichofanya na mshahara wake. Alijua hawezi kumdai kijana aliyependelewa kitu ambacho mkubwa wake hatoi. Kijana anaweza kumchukia mtu wa namna hiyo, anaweza hata kuandamana dhidi yake, ila hawezi kusema hajui anatakiwa kufanya nini.

Nami ni zao la mpango huo, ukiwa tayari umechoka. Nilipita JKT kwa mujibu wa sheria mwishoni mwa miaka ya 80. Kitanda cha jirani yangu kwenye hanga kilikuwa cha kijana ambaye baba yake jina lake lilisomwa redioni karibu kila juma. Wiki ya kwanza alikuwa hajui kushika jembe. Alilishika kama anayeogopa litamng'ata. Afande alimtuma fatiki ya vyoo siku tatu mfululizo, na sisi tulifurahi kwa roho mbaya tu, niseme ukweli. Kufikia mwisho alikuwa anatuongoza kwa nyimbo kwenye mchakamchaka, na ndiye aliyejua nani katika kombania hana sabuni, akawa anaikata yake kwa kisu anagawa. Zama zile sabuni ilikuwa mali. Sijui kama alikuja kuwa mtu mwema, tulipotezana. Najua tu kwamba alitoka pale akiwajua kwa majina vijana wa Sumbawanga, Newala na Ukerewe, na wao wakimjua yeye kama mtu aliyeshindwa kulima wiki ya kwanza.

Shule nazo zilifanya kazi hiyohiyo. Tabora, Ilboru, Mzumbe, Kilakala, Msalato: mtoto wa kigogo na mtoto wa mkulima walikutana bwenini, maharage yaleyale, kunguni walewale. Sisemi zilikuwa shule nzuri kwa kila hali. Nasema kulikuwa na mahali ambapo nchi iliwakutanisha watoto wake kabla hawajajua nani ni nani.

Halafu milango ikaanza kufunguka, mmoja baada ya mwingine, na yote ikifungukia nje. Mwaka 1991 Halmashauri Kuu ya CCM ilikaa Zanzibar na kulegeza miiko ya Arusha. Mwaka 1992 vikaja vyama vingi, jambo jema. Mwaka 1994 JKT ya mujibu ikasimamishwa kwa kukosa fedha. Shule binafsi zikaota kila kona, halafu za kimataifa zenye ada iliyotozwa kwa dola, mpaka kanuni za 2025 zilipokataza bei za ndani kwa fedha za kigeni. Kuanzia 2002 serikali ikawauzia watumishi wake nyumba zake, nyingi zikiwa kwenye viwanja ambavyo leo vina maghorofa ya kupangisha. Nawafahamu vijana wawili watatu ambao kipato chao chote, tena kikubwa, ni kodi ya ghorofa lililosimama pale ilipokuwa nyumba ya serikali. Hawajaiba kitu. Hawajafanya kitu pia. Kodi inaingia benki tarehe ileile kila mwezi, wawe wameamka au wamelala, wawe Dar es Salaam au Dubai.

Tusielewane vibaya. Siitaki foleni ya sukari irudi. Nakumbuka msako wa wahujumu uchumi wa 1983, watu wakitupa redio na vitenge mtoni usiku kwa hofu. Mzazi kumpa mwanawe alichokosa yeye si dhambi, na kama ningekuwa na fedha zenu huenda nami ningempeleka wangu shule yenye bwawa la kuogelea. Ninachosema ni kwamba mlipowatoa watoto wenu kwenye shule za umma, hospitali za umma, daladala na hanga, mliwatoa pia kwenye kila mahali ambapo nchi humwambia kijana, "Wewe, njoo hapa, tunakuhitaji." Hamkuweka kitu kingine badala yake. Mkawaambia watulie.

Na nchi haikutulia. Sensa ya 2012 ilituhesabu milioni 44.9, ya 2022 ikatuhesabu milioni 61.7. Makao makuu yamehamia Dodoma kwelikweli, si kwenye karatasi tena. Tangu 2024 mtu anapanda treni ya umeme Dar es Salaam anashuka Dodoma kabla hajamaliza stori na jirani. Elimu bila ada ilifika kidato cha nne mwaka 2016 na kidato cha sita mwaka 2022, kwa hiyo watoto wa wakulima wanaomaliza sasa ni wengi kuliko wakati wowote, na wana simu, na wanaona kila kitu. Wanaona bata linavyoliwa. Zamani ukuta wa Masaki ulificha. Siku hizi walio ndani ya ukuta wanarusha picha wenyewe.

Kuhusu siku zile za Oktoba sitaandika mengi. Familia zinazoomboleza zinastahili barua yao, iandikwe na mtu mwenye haki ya kuiandika. Nitasema jambo moja tu. Intaneti iliporudi, ujumbe mmojawapo wa kwanza nilioupata ulitoka kwa binti niliyemfundisha zamani. Alikuwa amefungiwa ndani siku zote zile kama sisi wote, ila wao walikuwa na jenereta na friji iliyojaa. Aliandika: "Mwalimu, hawa watu walitoka wapi?"

Nilikaa na ule ujumbe jioni nzima. Hakuuliza kwa dharau, namjua, ana moyo mwepesi na alikuwa anatetemeka. Aliuliza kwa sababu hakujua. Ana umri wa miaka ishirini na sita, amezaliwa Dar es Salaam, na watu wanaoishi mwendo wa nusu saa kutoka getini kwake wamekuwa wageni kwake. Siku moja, kwa jinsi mambo yetu yanavyokwenda, binti huyu au kaka yake atakaa kwenye kiti chako, Mheshimiwa. Atasaini bajeti ya watu wale.

Binti huyohuyo, kabla ya hapo, aliwahi kutaka kitu. Alisoma sayansi Afrika Kusini, akarudi anataka kufundisha biolojia Singida mwaka mmoja kwa kujitolea. Sijui kwa nini Singida. Nadhani aliona alizeti kwenye picha. Hata hivyo alikuwa ameshapata shule na ameshaongea na mkuu wa shule kwa simu. Baba alikataa. Hakukataa kwa sababu ya usalama, wala kwa sababu ya afya. Alisema, "Watu watanielewaje? Watasema nimefilisika." Leo binti ana kiti, ana kompyuta, ana kiyoyozi katika taasisi fulani ambayo haikuwa imetangaza nafasi. Kazi hana. Ameniambia mwenyewe kwamba wenzake ofisini hawampi chochote cha kufanya kwa kuwa wanamwogopa, na anashinda akiangalia tamthilia za Kikorea mpaka saa tisa na nusu.

Kiti kile kina mwenyewe, Waheshimiwa. Mnakumbuka Juni 2014, Uwanja wa Taifa, vijana zaidi ya elfu kumi waliojazana majukwaani kufanya usaili wa nafasi 70 za Uhamiaji. Picha zile zilizunguka dunia. Muda mfupi baadaye wizara ilisimamisha ajira za kundi jingine la idara hiyohiyo kufuatia malalamiko ya undugu. Watu walizungumzia walivyoonewa wale elfu kumi, na walionewa kweli. Mimi huwafikiria pia wale wanaoingia kwa simu. Anayeingia kwa usaili anajua kwa nini yuko pale. Hata akiwa hodari wa kati, alama zake ni zake. Aliyeingizwa hatajua kamwe kama anaweza. Atakuwa mkurugenzi na bado hajui. Wakubwa wa namna hii tunao tayari, na tunawajua kwa ukali wao kwa walio chini.

Sasa JKT. Mwaka 2013 mliirudisha kwa wahitimu wa kidato cha sita, na baadhi ya wabunge vijana wakavaa kombati wakaenda kambini kuonyesha mfano. Nilifurahi. Kila mwaka ikikaribia Juni huwa napitia wito na wanafunzi wangu, nakala ya simu kwa simu: bukta ya bluu iliyokoza yenye mpira kiunoni, raba, shuka mbili za bluu bahari, soksi nyeusi, nauli ya kwenda na kurudi. Wazazi wao wanakopa kununua vile vitu. Mama mmoja muuza samaki alikuja kuniuliza kama bluu bahari ni ile ya sare za shule ya fulani au ni nyeupe zaidi, asije akanunua shuka mara mbili. Ndivyo wanavyouchukulia huo wito.

Wito huo unawaita waliomaliza kidato cha sita katika shule za hapa nchini. Mtoto wako aliyemaliza London, au Nairobi, hayumo kwenye orodha. Na aliyemo ana njia. Nimeonyeshwa, kwa fahari kabisa, barua ya daktari iliyosema kijana ana pumu kali na hafai kwa mazoezi. Mwenye barua alikuwa anapumua vizuri sana, ametoka uwanjani kucheza tenisi, jasho halijakauka. Mama yake alinionyesha ile barua kama anayemsaidia mwalimu maskini: kama una ndugu mwenye shida hiyo, niambie.

Basi maombi yangu, na mniwie radhi sijayapanga kwa namba kama mnavyopenda kwenye vikao.

Sheria iseme umri, isiseme shule. Mtanzania aliyemaliza elimu ya ngazi hiyo, popote alipomalizia, jina lake litokee, na kambi anayopangiwa iwe mbali na kwao. Anayeomba kuachwa kwa ugonjwa apimwe na madaktari wa jeshi, si wa familia. Miezi mitatu haimgeuzi mtu kuwa malaika, najua. Na kambi nazo zinahitaji kutazamwa, maana zipo zinazochukua kuruta wengi kuliko mahanga yanavyoweza. Hilo la mahanga litatengenezwa haraka sana siku watoto wenu wakianza kulala humo.

Tazameni pia fomu zenu za mali. Sheria ya Maadili ya Viongozi wa Umma ya 1995 inawataka mtaje mali zenu, za wenza wenu, na za watoto wenu walio wadogo na hawajaoa wala kuolewa. Siku mtoto anapotimiza miaka kumi na minane anatoka kwenye fomu, na ndiyo siku anayoanza kuwa na thamani kwa wenye shida na ofisi yako. Ndipo anapopewa hisa kidogo, ubia kidogo, jina lake likawekwa kwenye zabuni. Kijana wa miaka ishirini na mbili asiyejua kahawa inaota wapi anakuwa mbia wa kampuni ya barabara. Ongezeni safu moja tu kwenye fomu: mwanao mtu mzima ana kazi au zabuni gani na serikali. Mkifanya hivyo mtakuwa mmewaokoa wao kabla ya kutuokoa sisi, kwa sababu wakati wa kupelekwa mahakamani ukifika saini huwa ni ya kijana.

Nafasi za fildi na za mafunzo kazini katika taasisi za umma nazo zitangazwe, hata zile za wiki sita ambazo mnaona ni ndogo. Pale ndipo simu ya kwanza hupigwa. Kijana hujifunza pale kwamba maisha hufunguliwa kwa simu, na halisahau somo hilo.

Lililobaki haliko kwenye sheria yoyote. Sera ya vijana inamtambua kijana kuwa mtu wa miaka 15 hadi 35, na mipango yenu inamtazama kama mtu wa kusaidiwa: asilimia nne za mapato ya halmashauri, mafunzo ya ufundi, mikopo ya vikundi. Hakuna ukurasa unaomzungumzia kijana aliyeshiba. Mnadhani hana tatizo. Nami nawaambia kama mtu aliyekaa naye mezani jioni nyingi, kitabu kimefunguliwa na mawazo hayapo, kwamba ana tatizo na analijua. Wananiuliza mambo mazito kuliko wanavyowauliza ninyi. Mmoja aliniuliza kama nadhani baba yake anamheshimu. Sikuwa na jibu la kumpa. Baba yake namjua kwenye televisheni tu.

Msimpe kitu. Mnyimeni kwa muda. Mwacheni aombe kazi kwa jina lake la katikati, mwacheni akose, mwacheni apangiwe Kibondo na akae Kibondo. Akitaka kwenda Singida kufundisha, mpeni nauli na kandambili.

Ombi la mwisho ni la mbunge yeyote mwenye ujasiri, wa chama chochote. Siku ya Alhamisi mnapata nafasi ya kumuuliza Waziri Mkuu maswali ya papo kwa papo. Naomba muulize hivi: katika watoto wa mawaziri, naibu mawaziri na makatibu wakuu waliopo leo, ni wangapi waliomaliza kidato cha sita au ngazi inayolingana nacho tangu mwaka 2013, na kati yao ni wangapi waliopita JKT, kambi ipi na mwaka gani? Majina hatuyahitaji, watoto hawana kosa. Idadi inatosha. Na kwa kuwa mawaziri na manaibu wao watakuwa wamekaa ukumbini humohumo, na makatibu wakuu ni wa kupigiwa simu tu, sidhani kama Waziri Mkuu atahitaji kuomba muda wa kuleta jibu kwa maandishi.

Wenu katika kazi,

Mwalimu wa sekondari,
Dar es Salaam